Kutoka Sosholojia Hadi Intaneti

Wapo walimu, tena wenye nia njema, wanaoamini kwamba mwanafunzi akishaelekea upande wa sanaa, mlango wa sayansi umefungwa nyuma yake na ufunguo umetupwa baharini. Ningewaomba wayatazame maisha ya Sally Floyd, Mmarekani aliyezaliwa mwaka wa 1950 na kufariki mwaka wa 2019.

Shahada yake ya kwanza, aliyoipata katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, mnamo 1971, ilikuwa ya sosholojia. Baadaye alisomea elektroniki kwa miaka miwili katika chuo cha Merritt, mjini Oakland, kisha akafanya kazi ya mifumo ya kompyuta katika shirika la treni za abiria la eneo la San Francisco. Berkeley ilimpokea tena. Alipata shahada ya uzamili mwaka wa 1987 na ya uzamifu mwaka wa 1989, miaka 18 baada ya ile ya sosholojia.

Alipoanza utafiti katika maabara ya Lawrence Berkeley, intaneti ilikuwa ikiugua msongamano. Mnamo Oktoba 1986, mawasiliano kati ya maabara hiyo na chuo kikuu, majirani wasiotengana hata nusu kilomita, yalikuwa yameporomoka kutoka biti 32,000 kwa sekunde hadi 40. Van Jacobson alikuwa ameponya upande mmja wa maradhi hayo: kompyuta zinazotuma data zilifunzwa kupunguza kasi pindi pakiti zinapopotea. Lakini ruta, yaani mitambo ya njiani inayoelekeza pakiti hizo, zilingoja hadi foleni ijae pomoni, ndipo zikatupa kila kilichofuata. Watumaji wengi wakapunguza kasi kwa pamoja, wakaiongeza kwa pamoja, foleni ikafurika upya.

Mwaka wa 1993 Floyd na Jacobson walipendekeza ruta ipime wastani wa foleni na, kabla haijajaa, ianze kutupa pakiti chache kwa kubahatisha. Anayetuma nyingi ndiye hupoteza nyingi, na hivyo huonywa mapema kuliko wenzake. Sidai kwamba ni sosholojia iliyomfunza hilo, ingawa swali la nani ampishe nani njiani si geni kwa wanasosholojia! Vipimo vya mbinu hiyo viliwatatiza mafundi, na wengi hawakuitumia. Hata hivyo, makala yale yamenukuliwa mno na watafiti wa mitandao, na mwaka wa 2007 Floyd alipewa tuzo ya SIGCOMM.

Sasa namfikiria mhitimu wa sosholojia wa hapa Kenya, mwenye cheti cha elektroniki na miaka kadhaa ya kazi, akibisha hodi katika idara ya kompyuta ili asomee uzamili. Nahofia kwamba, kabla hajaulizwa anachojua, ataulizwa alama aliyoipata katika fizikia alipokuwa kidato cha nne.