Ngazi za mawe za Yorkshire

Maji ya maporomoko ya Hardraw Force, huko Yorkshire kaskazini mwa Uingereza, huanguka kiasi cha mita 30 kwa mkupuo mmoja. Tazama genge lililo nyuma yake utaelewa sababu. Juu kabisa, pale maji yanapochupia, pana jiwe gumu la chokaa. Chini yake kuna mawe ya mchanga, na kwenye kitako tope la kale lililoganda kuwa mwamba laini. Tope hilo humomonyoka upesi, nalo jiwe la chokaa hubaki limechomoza kama upenu wa nyumba.

Panda mlima na mpangilio ule ule utaukuta tena: chokaa, tope, mchanga, pengine utando mwembamba wa makaa ya mawe, kisha chokaa nyingine. Ndiyo maana miteremko ya huko ina umbo la ngazi. Mwaka 1836 mwanajiolojia John Phillips aliyaita matabaka hayo Yoredale, jina la zamani la bonde la Wensleydale. Mengine yana majina ya unene tu, kama Five Yard na Three Yard, yaani yadi tano na yadi tatu.

Yalijengwa takriban miaka milioni 330 iliyopita, katika kipindi cha Kaboniferasi, wakati Uingereza ilipokuwa karibu na ikweta. Bahari ilikuwa ya kina kifupi, yenye joto na maji maangavu. Humo waliishi matumbawe, viumbe wa makombe, na krinoidi, jamaa wa kiti cha pweza waliosimama juu ya vikonyo kama maua. Walipokufa, mifupa na magamba yao yalirundikana yakawa chokaa. Mtu wa pwani aliyezoea kuta za mawe ya matumbawe hatashangaa: vipingili vya krinoidi huonekana ndani ya jiwe kwa macho matupu.

Kisha mito kutoka kaskazini ilileta tope. Maji yakachafuka, viumbe wale wakasongwa. Nyuma ya tope ukaja mchanga wa delta, na juu ya mchanga ikaota misitu ya kinamasi iliyoacha makaa. Halafu bahari ikarudi, na chokaa ikaanza upya.

Kwa nini irudi mara kwa mara? Ardhi ilikuwa ikididimia polepole, hilo halina ubishi. Wapo wanaosema pia kwamba mito ilihama tu, kama mito ya delta ifanyavyo hadi leo. Ni kweli, lakini haitoshi. Mto ukihama, bahari huvamia upande mmoja. Ilhali tabaka moja la chokaa hapa hufuatika kwa makumi ya kilomita. Naona sababu kubwa ni barafu. Huko kusini, juu ya bara kuu la Gondwana ambalo Afrika ilikuwa sehemu yake, barafu ilipoongezeka ilifungia maji na bahari ikashuka duniani kote; ilipoyeyuka, bahari ikapanda na kuzamisha delta za Yorkshire.

Barafu za Gondwana zilidumu muda mrefu baada ya hapo. Mashapo ziliyoacha yapo hata kusini-magharibi mwa Tanzania, katika bonde la Ruhuhu, chini ya makaa ya mawe ya Mchuchuma.