Mapanki Mbele ya Kamera

Mwaka 1997, akifuatilia masaibu ya wakimbizi wa Rwanda huko Kongo, Hubert Sauper, mtengenezaji filamu mzaliwa wa Austria, aliona ndege mbili kubwa za mizigo. Anavyosimulia mwenyewe, moja ilileta tani 45 za njegere za msaada kutoka Marekani. Nyingine iliruka na tani 50 za samaki kwenda Ulaya. Kuanzia hapo akaifuatilia biashara ya samaki hao huko Mwanza, Tanzania.

Filamu yake, Darwin's Nightmare, ilitoka mwaka 2004 na ikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Inamhusu sangara, samaki aliyepandikizwa Ziwa Victoria enzi za ukoloni, akawameza furu, samaki wa asili wa ziwa hilo, hadi aina nyingi zikatoweka. Viwandani minofu inafungwa kwa ajili ya Ulaya. Vichwa na mifupa, yaani mapanki, vinapakiwa kwenye lori na kumwagwa uwanjani, ambako wanawake wanakanyaga tope na funza wakiyaanika kwenye chanja kabla hayajakaangwa na kuuzwa. Sauper haharakishi hapo, na amefanya vema: hayo ndiyo maelezo ya biashara nzima.

Kuhusu dokezo la filamu kwamba ndege zinazobeba samaki huja na silaha, simkubalii Sauper moja kwa moja. Rubani mmoja anakiri kuwa aliwahi kupeleka vifaru Angola, akarudi Ulaya na zabibu kutoka Johannesburg. Ushuhuda huo unaumiza, lakini hauthibitishi kilichoshushwa Mwanza. Isitoshe, maelfu ya watu waliopata ajira kwenye uvuvi na viwanda hivyo hawakupewa nafasi ya kutosha.

Mwaka 2006 Rais Kikwete aliishutumu hadharani filamu hiyo kwa kuichafua nchi. Sauper alikuwa mbali; misukosuko ikamwangukia mwandishi wa habari wa Mwanza aliyezungumza ndani ya filamu hiyo. Hilo linaniuma hadi leo. Mgeni hupanda ndege na kanda zake, mwenyeji anabaki kuulizwa alisema nini na kwa nini. Anayetengeneza filamu za kudai haki lazima apange mapema atakavyomlinda mtu huyo, kama anavyopanga taa na sauti.

Na kazi bado ipo. Siku hizi bondo la sangara, yaani kibofu chake cha hewa kilichokuwa kikitupwa, husafirishwa hadi China, na kilo moja hupita mbali bei ya minofu. Mvuvi anapata kiasi gani kati ya hizo fedha? Vijana wa Mwanza wenye kamera waanzie mwaloni.