Mtumishi wa Serikali na Haki Yake ya Uzeeni

Ndugu msomaji, huenda nyumbani mwako yuko mwalimu, muuguzi wa zahanati au mtendaji wa kijiji. Huenda ni mwanao. Basi habari hii yakuhusu hata kama wewe u mkulima wa mahindi na tumbaku, maana mtumishi akistaafu pasipo haki yake, mzigo wake utaangukia palepale nyumbani.

Wengi hudhani pensheni ni jambo la kufikiriwa siku za mwisho wa kazi. Sivyo. Kwa kanuni iliyoanza Julai 2022, Mfuko wa PSSSF huchukua wastani wa mishahara bora ya miaka mitatu katika ile miaka kumi ya mwisho, huuzidisha kwa miezi aliyochangia mtu, kisha hugawa kwa 580. Tufanye hesabu kidogo. Aliyechangia miaka 30 ana miezi 360. Kila shilingi 100,000 iliyopungua katika wastani wa mshahara wake wa mwezi humpunguzia pensheni kamili kama shilingi 62,000 kwa mwezi, kabla ya kutolewa fungu la mkupuo. Na fungu hilo nalo hupungua kwa kadiri ileile. Kwa hiyo daraja lililocheleweshwa leo humfuata mtu mpaka kaburini.

Mwaka 2016 Serikali ilisimamisha upandishaji wa vyeo ili kuhakiki watumishi hewa. Baadaye vyeo vilianza tena kutolewa, na wengine walipandishwa kwa mserereko, yaani wakawekwa kwenye daraja ambalo wangalikuwa nalo. Mwalimu anayeona aliachwa nyuma na wenzake wa ajira ya siku moja asinung'unike kilabuni tu. Na aandike barua kwa kupitia mkuu wake wa shule, aambatishe barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini na ya cheo cha mwisho, naye abaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa. Kwa walimu wa shule za Serikali, wenye kazi ya kupandisha vyeo ni Tume ya Utumishi wa Walimu.

Hapa kwetu pana sababu zaidi ya kuwa macho. Mkoa wa Katavi ulizaliwa mwaka 2012 kutoka Rukwa, na halmashauri ziligawanywa. Aliyeajiriwa Mpanda zamani ana jalada lililopita mikono mingi. Tena mifuko nayo ilibadilika: Agosti 2018 PSPF, LAPF, PPF na GEPF ziliunganishwa kuwa PSSSF. Yafaa mtumishi aombe taarifa ya michango yake, aikague mwezi kwa mwezi. Yeye hutoa asilimia 5 ya mshahara, mwajiri asilimia 15, na pensheni ya kila mwezi yadai angalau miezi 180. Pengo likionekana mtu akiwa na miaka 40, laweza kuzibwa bila ghasia nyingi. Likionekana ana miaka 60, atapanda mabasi mpaka achoke.

Wakumbukeni wazee wa reli. Njia yetu ya Kaliua hadi Mpanda ilikuwa ya Shirika la Reli la Afrika Mashariki, na Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977 watumishi wake walibaki wakidai. Mwaka 1984 nchi tatu zilitia sahihi mapatano kwamba kila moja italipa watu wake. Hata hivyo wazee wa Tanzania, zaidi ya 30,000, walilazimika kwenda Mahakama Kuu mwaka 2003, na hati ya suluhu iliandikwa Septemba 2005. Hesabu miaka hiyo, msomaji: 28. Wengi walikuwa wamekwisha kufa, nao wajane na watoto walipaswa kwanza kuthibitisha kwamba ni warithi.

Neno juu ya sheria. Mtumishi aliyeadhibiwa au kufukuzwa kazi ana siku 45 tu za kukata rufaa, tangu apokee uamuzi. Wala asikimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi kama mfanyakazi wa kampuni. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, Sheria ya Utumishi wa Umma humtaka amalize kwanza ngazi za utumishi wenyewe. Anayepiga hatua ya pili kabla ya ya kwanza hurudishwa mlangoni, na siku zake zinakwisha.

Mwisho, majina. Katika ofisi ya parokia naona jambo hili mara kwa mara: kwenye ubatizo mtu ni Yohani, kwenye hati ya mshahara ni John, na kwenye cheti cha ndoa jina la ukoo limeandikwa kwa herufi nyingine. Cheti cha ubatizo chasaidia kuonyesha tarehe na wazazi, lakini cheti cha kuzaliwa hutolewa na RITA. Tofauti za majina zirekebishwe kwa hati ya kiapo mwenyewe akiwa hai. Naye mke ajue karatasi hizo zimewekwa wapi.