Ukivuliwa sare, utabaki nani?

Jioni ukiwa Feri, upande wa kisiwani, ukingoja geti lifunguliwe uvuke kwenda Likoni, hebu tazama mavazi. Nesi, soja, mhudumu wa hoteli, mwanafunzi. Kabla hujamjua mtu jina, sare imeshakwambia umheshimu kiasi gani.

Jambo hili lilishatengenezewa sinema zaidi ya miaka 100 iliyopita. Mwaka 1924, Mjerumani F. W. Murnau alitoa filamu bubu ‘Der letzte Mann’, yaani ‘Mtu wa Mwisho’. Emil Jannings anaigiza bawabu mzee wa hoteli ya kifahari. Koti lake lina vifungo vinavyong’aa, na akirudi mtaani kwao, kwenye nyumba za kupanga za watu wa kawaida, majirani humwamkia kama jenerali.

Siku moja meneja anamwona amekaa akipumzika baada ya kubeba sanduku zito. Basi! Anavuliwa koti, anapelekwa chooni kuwashikia wageni taulo.

Kinachomtesa zaidi si kazi mpya, ni majirani. Usiku analiiba koti lake ili arudi nalo nyumbani kunakofanyika harusi, watu wasijue. Siri inapofichuka, umbea unaruka dirisha hadi dirisha. Wale wale waliokuwa wakimwamkia sasa wanamcheka.

Jiulize: walikuwa wanamwamkia yeye, au koti?

Murnau naye alijua mambo yangeishia wapi. Mwishoni maandishi yanatokea kwenye skrini kwamba katika maisha halisi mzee huyu angebaki kungoja kifo tu, ila mtunzi amemwonea huruma. Ghafla anarithi mali ya tajiri, na anarudi hotelini kula kama mfalme.

Sasa rudi kwenye foleni yako. Beshte yako alipigwa kalamu mwezi uliopita. Leo umemkuta hapa Feri akiuza maji, na kofia ameishusha hadi machoni. Hajaiba, hajatapeli mtu. Lakini kuna mwenye simu tayari anarekodi, na kabla feri haijafika ng’ambo klipu itakuwa kwenye grupu la mtaa. Siku hizi umbea hauhitaji dirisha.

Mzee wa Murnau aliokolewa na tajiri wa kubuni. Beshte yako hana tajiri. Ana wewe. Tia simu mfukoni, mwite kwa jina lake, nunua maji.