Woody Strode: kauboi wa pembeni aliyebeba sura ya Lumumba

Kama unapenda filamu za kauboi, huenda umemuona. Mtu mweusi mrefu, kichwa kimenyolewa, anasubiri treni kwenye stesheni. Maji yanamdondokea kichwani, anavaa kofia, yanajaa juu ya kofia. Mwishoni anayanywa. Treni inafika, risasi zinalia, naye anakufa kabla hadithi haijaanza vizuri.

Hiyo ni filamu ya Mwitaliano Sergio Leone, Once Upon a Time in the West, ya mwaka 1968. Mtu huyo ni Woody Strode, na kazi yake kwa sehemu kubwa ilikuwa hivyo: dakika chache, kisha wengine wanaendelea.

Alizaliwa Los Angeles mwaka 1914. Mwaka 1946 yeye na rafiki yake Kenny Washington waliingia timu ya Los Angeles Rams, wakati ligi ya futiboli ya Kimarekani ilikuwa imewafungia Weusi mlango kwa zaidi ya miaka 10. Baadaye akapigana mieleka, catch kama tunavyosema hapa Kolwezi.

Mwaka 1960 alimwigiza Draba katika Spartacus, mtumwa anayekataa kumuua mwenzake na kuwageukia mabwana. Mwaka huohuo John Ford alimpa Sergeant Rutledge. Hadithi nzima ni ya sajini huyo mweusi, lakini jina lililotangulia ni la Jeffrey Hunter. Mwaka 1962 akawa Pompey, mtumishi wa John Wayne katika The Man Who Shot Liberty Valance. Wazungu wanapiga kura ndani, yeye amekaa nje na bunduki.

Kwetu sisi wa Katanga ya zamani, filamu inayogusa zaidi si ya kauboi. Mwaka 1968, Mwitaliano mwingine, Valerio Zurlini, alimpa nafasi ya kwanza katika Seduto alla sua destra. Anaigiza Maurice Lalubi, kiongozi wa Kiafrika anayekamatwa, anateswa na kuuawa. Jina limebadilishwa, lakini Mkongomani hahitaji kuelezwa: ni siku za mwisho za Patrice Lumumba, aliyeletwa Elisabethville tarehe 17 Januari 1961 na kuuawa usiku uleule pamoja na Maurice Mpolo na Joseph Okito.

Miaka 7 tu ilikuwa imepita. Hollywood ilikuwa imemweka mlangoni na bunduki. Ilibidi aende Italia ili abebe filamu nzima, na aliibeba akiwa Mkongo. Binafsi naona ni hapo alipoonyesha uwezo wake wote. Anasema kidogo, lakini macho hayamtoki.

Alifariki tarehe 31 Desemba 1994. Filamu yake ya mwisho, The Quick and the Dead, ya kauboi tena, ilitoka mwaka 1995 ikiwa imetolewa kwa kumbukumbu yake. Mwaka huohuo ikatoka Toy Story, katuni ambayo watoto wengi wanaijua. Yule mwanasesere kauboi anayeitwa Woody, jina lake lilitoka kwa Strode.