Nyota wa Kuundwa

Wengi hudhani kwamba umaarufu wa mchezaji wa sinema huzaliwa na kipaji chake, kisha magazeti yakautangaza. Ilhali tarehe ya biashara hiyo huko Marekani yashuhudia kwamba aghalabu habari ilitangulia, na mtu akafuata nyuma akijitahidi kufanana nayo.

Hata kufikia mwaka 1909 kampuni ya Biograph ya New York haikuwa ikitangaza majina ya wachezaji wake, kwa kuwa, yasemekana, ilihofu kwamba ajulikanaye jina hudai ujira mkubwa; hivyo Florence Lawrence, ambaye uso wake ulizoeleka kwa halaiki ya watu, aliitwa "msichana wa Biograph" basi. Carl Laemmle, tajiri wa kampuni hasimu, akamvuta kwake. Na mwanzoni mwa 1910 ukavuma uvumi kwamba bibi huyo amegongwa na tramu akafa. Mwezi wa Machi kampuni ya Laemmle ikalipia tangazo gazetini kuukadhibisha uzushi huo kwa ghadhabu kubwa, ghadhabu ambayo wanahistoria wengi hawaisadiki, maana wamnyoshea Laemmle mwenyewe kidole. Kisha bibi akapelekwa St. Louis aonekane yu hai, na watu wakafurika kumlaki. Hila hiyo ilikuwa na ustadi wake: msiba uliwafunza watu jina, kanusho likalikariri, na lau asingalisemwa kuwa amekufa, nani angalikuwa na haja ya kwenda kuhakiki uzima wake?

Miaka mitano baadaye kampuni ya William Fox ilikwenda mbali zaidi, ikamzua mtu mwenyewe. Theodosia Goodman, binti wa mshona nguo wa Cincinnati, aliitwa Theda Bara, akavumishwa kuwa mzaliwa wa Misri, akapigwa picha pamoja na mifupa ya binadamu, na wapiga debe wakaeneza kwamba herufi za jina lake zikipanguliwa hutoa, kwa Kiingereza, maneno "mauti ya Kiarabu". Waarabu hawakuulizwa. Waandishi wa magazeti nao, nadhani, hawakusadiki yote. Lakini hadithi tamu huuza gazeti kama iuzavyo tikiti, na hapo ndipo masilahi ya pande mbili yalipokutana.

Bara aliachana na Fox mwaka 1919, na asipate tena makamo yale. Filamu zake, zaidi ya 40, nyingi ziliteketea ghala la Fox liliposhika moto mwaka 1937, hata atakaye kumjua leo hana budi kumhukumu zaidi kwa picha za matangazo kuliko kwa uchezaji wake.