Nimonia isiyosikia dawa huenda imeacha maji kifuani

HOMA ya mapafu, au nimonia kama wengi wanavyoiita, ni ugonjwa unaojulikana sana. Mtu akishikwa na kikohozi, joto jingi mwilini na kichomi ubavuni, huenda hospitalini, akapewa dawa za antibiotiki na kuambiwa apumzike. Mara nyingi hilo hutosha. Baada ya siku mbili au tatu joto hushuka na hamu ya chakula hurudi.

Hata hivyo, kuna wagonjwa ambao humeza dawa jinsi walivyoagizwa na bado siku ya tatu au ya nne joto liko juu. Wengine hupata nafuu, kisha homa inarudi na pumzi inakuwa fupi. Hapo wengi hukimbilia duka la dawa kununua antibiotiki nyingine "yenye nguvu zaidi". Huenda shida si dawa. Huenda ni maji, au hata usaha, uliojikusanya kando ya pafu.

Maji haya hutoka wapi?

Pafu limefunikwa na utando mwembamba, na utando mwingine umetanda upande wa ndani wa mbavu. Kati ya tando hizi mbili mna majimaji machache, yasiyozidi vijiko vichache vya chai, yanayosaidia pafu kuteleza tunapovuta pumzi. Nimonia ikifika karibu na utando huo, utando huvimba na kuvuja maji. Katika kila wagonjwa 100 wanaolazwa kwa sababu ya nimonia, kati ya 20 na 40 hupata maji ya namna hii.

Kwa wengi maji huwa machache na hukauka yenyewe nimonia inapotibiwa. Hatari huanza bakteria wakiingia ndani yake. Maji yaliyokuwa mepesi huwa mazito, na nyuzinyuzi hujitanda na kuyagawa katika vyumba vidogo kama sega la nyuki. Mabadiliko haya yanaweza kutokea kwa siku chache tu. Yakiachwa kwa majuma kadhaa, ganda gumu hulizunguka pafu na kulibana lisiweze kupanuka tena.

Walio katika hatari zaidi ni wenye kisukari, wanaokunywa pombe kupita kiasi, wenye virusi vya Ukimwi, wazee na watoto wadogo.

Daktari hujuaje?

Kwanza hukugonga mgongoni kwa vidole. Ni kama vile unavyogonga tanki kujua maji yamefika wapi: penye hewa pana mlio, penye maji sauti huwa nzito. Aliyeandika kwanza kuhusu njia hii, mwaka wa 1761, alikuwa daktari wa Austria, Leopold Auenbrugger, mtoto wa mwenye nyumba ya wageni. Kisha daktari husikiliza pumzi, ambayo upande wenye maji husikika kwa mbali au haisikiki kabisa.

Picha ya eksirei hufuata. Lakini kwa mtu aliyesimama, maji huhitaji kufika mililita 200 hivi ndipo yaonekane vizuri kwenye picha ya kawaida. Altrasaundi huona hata maji machache kuliko hayo, huonyesha kama yamegawanyika vyumba, na humwonyesha daktari mahali salama pa kudunga sindano.

Sindano ndiyo inayoogopwa. Mgonjwa huketi akiinamia meza, hutiwa dawa ya ganzi, kisha sindano hupitishwa juu ya ubavu ili isiguse mishipa ya damu iliyo chini ya kila ubavu. Hewa inaweza kuingia kifuani au damu ikatoka, lakini hayo hutokea kwa wachache, na altrasaundi huyapunguza zaidi.

Maji yaliyotolewa hueleza mengi. Yakiwa usaha, jibu liko wazi. Yakiwa hayajawa usaha, maabara hupima sukari na asidi. Bakteria hutumia sukari na kuacha asidi, kwa hiyo sukari ikiwa chini sana, au kipimo cha pH kikiwa chini ya 7.2, dawa peke yake haitarajiwi kutosha.

Kuna jambo moja ambalo hapa Kenya halifai kusahaulika. Kifua kikuu nacho huleta maji kifuani, tena mara nyingi. Matibabu yake ni tofauti: dawa za kifua kikuu kwa miezi sita, na kwa kawaida mrija hauhitajiki. Moyo dhaifu na saratani pia huleta maji. Ndiyo sababu maji yapimwe, badala ya kukisia.

Matibabu

Antibiotiki hutolewa kwanza kwa sindano ya mshipa, kisha vidonge. Penye usaha, dawa huendelea kwa majuma mawili hadi sita. Usiziache kwa kuwa joto limeshuka.

Usaha lazima utolewe. Daktari hupitisha mrija kati ya mbavu baada ya kutia ganzi, na mrija huo huishia chini ya maji katika chupa iliyo sakafuni. Maji hayo huzuia hewa ya nje kurudi kifuani. Jamaa wanaomtazama mgonjwa wasiinue chupa hiyo juu ya kifua chake, wala wasiufunge mrija bila kuagizwa. Mgonjwa naye apewe dawa ya maumivu ili aweze kukohoa, kuketi na kuvuta pumzi ndefu. Kulala tu kitandani hakumsaidii.

Nyuzinyuzi zikizuia usaha kutoka, kuna njia nyingine. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2011 ulionyesha kuwa dawa mbili zikitiwa pamoja kupitia mrija huvunja nyuzi hizo na kupunguza haja ya upasuaji. Hata hivyo ni dawa ghali. Zisipopatikana au zisipofaulu, mpasuaji husafisha kifua na kulitoa ganda linalobana pafu.

Wapo wanaoamini kwamba mtu akitolewa maji kifuani hana siku nyingi. Imani hii ina madhara makubwa, kwa maana humfanya mgonjwa akatae sindano hadi usaha ugande. Yule ambaye angetibiwa kwa mrija wa siku chache huishia kwenye chumba cha upasuaji.

Rudi hospitalini lini?

Rudi upesi ikiwa joto halijashuka baada ya siku tatu za dawa, ikiwa homa imerudi, ikiwa kichomi kimezidi au ukishindwa kupumua vizuri ukilala. Muulize daktari: "Je, kuna maji kifuani?" Mtoto wa kati ya miezi miwili na mwaka mmoja anayepumua mara 50 au zaidi kwa dakika, au wa mwaka mmoja hadi mitano anayepumua mara 40 au zaidi, apelekwe hospitalini siku hiyo hiyo.

Mzazi naye ahakikishe mtoto amechanjwa. Chanjo ya bakteria wa nimonia waitwao nyumokoka ilianza kutolewa kwa watoto wote nchini mwaka wa 2011. Inazuia aina nyingi za bakteria hao, ambao pia ni miongoni mwa wanaoleta usaha kifuani.